Ijue Kilifi: Mvua Yake, Mashamba Yake na Watu Wake

Na Bwana Shamba



Mwezi uliopita tulizungumza juu ya dumuzi na ghala la mahindi. Mwezi huu tutawaacha wadudu. Tutazungumza juu ya kaunti yetu yenyewe, Kaunti ya Kilifi.

Huenda ukasema, "Mimi nimezaliwa hapa. Nitafunzwa nini?" Lakini mtu wa Mtwapa huenda hajafika Bamba. Mtu wa Marafa huenda hajafika Rabai. Kila mmoja ajua kwao, na hudhani kwamba kwao ndiko Kilifi yote. Mimi kazi yangu hainiruhusu kufikiri hivyo. Nikitoka pwani asubuhi nikaenda bara kilomita hamsini, ushauri niliompa mkulima wa kwanza haumfai mkulima wa mwisho. Nchi ni moja, lakini mvua si moja. Tukilijua jambo hilo tutaelewa kwa nini watu wamejaa mahali hapa na pale wako wachache, na kwa nini jirani wa mbali huvuna nasi hatuvuni.

MAHALI ILIPO

Kusini Kilifi imepakana na Mombasa na Kwale. Magharibi imepakana na Taita Taveta, na kaskazini na Tana River. Mashariki ni Bahari ya Hindi. Makao makuu ni mji wa Kilifi, ulio kando ya mkono wa bahari. Kabla ya daraja la Kilifi kufunguliwa mwaka 1991, watu na magari walivuka hapo kwa feri.

Kaunti ilianza kazi mwaka 2013, baada ya Katiba ya 2010. Zamani kidogo palikuwa na wilaya mbili, Kilifi na Malindi. Zamani zaidi ilikuwa wilaya moja. Ukubwa wa nchi ni kilomita za mraba 12,540 hivi. Kilomita moja ya mraba ni kiwanja chenye urefu wa kilomita moja na upana wa kilomita moja.

MIKANDA YA NCHI

Sasa tuje kwenye mvua. Mvua hupimwa kwa milimita. Katika Kilifi, sehemu zinazopata mvua nyingi hupata milimita 1,300 hivi kwa mwaka. Sehemu kavu hupata milimita 300 hivi. Ni tofauti gani hiyo? Chukua rula ya mtoto wa shule. Urefu wake ni milimita 300. Kama maji yote ya mvua ya mwaka mzima yangesimama chini bila kuzama wala kukauka, kule kukavu yangefika urefu wa rula hiyo moja. Kule kwenye mvua yangefika rula nne na zaidi. Hizo ni sehemu mbili za kaunti moja.

Anza baharini. Hapo pana ukanda mwembamba wa tambarare. Chini pana mchanga na mwamba wa matumbawe. Hapa huota minazi, mihogo, miembe na mikorosho. Vipingo pana mkonge. Huko kaskazini, Gongoni na Marereni, mvua hupungua na jua ni kali, kwa hiyo watu huanika maji ya bahari na kupata chumvi. (Ngomeni, karibu na hapo, ndiko Waitaliano walikojenga kituo cha kurusha roketi baharini. Tarehe 12 Desemba 1970 satelaiti iliyopewa jina la Uhuru ilirushwa kutoka huko. Wengi wetu tunapita barabara hiyo bila kujua.)

Kutoka pwani nchi huinuka. Ukifika Rabai, Ribe, Kambe, Jibana, Chonyi na Kaloleni uko juu ya vilima. Upepo wa kusi hutoka baharini ukiwa umebeba unyevu. Ukigonga vilima hupanda juu. Hewa ikipanda hupoa, na unyevu hugeuka mvua. Ndiyo sababu vilima hivi ni vya kijani, na minazi imesimama kama msitu. Wataalamu wa kilimo wameuita ukanda huu na sehemu nzuri za pwani ukanda wa minazi na mihogo.

Pale ambapo mvua imepungua kidogo na udongo ni mchanga mtupu, mnazi haustawi vizuri. Huo ni ukanda wa mikorosho na mihogo. Mkorosho ni mti mvumilivu. Mizizi yake huenda mbali kutafuta maji.

Vuka vilima, uende magharibi. Sasa upepo umekwisha kutua mzigo wake. Unaingia Nyika: Bamba, upande mkubwa wa Ganze, Chakama, na bara ya Magarini. Miti ni mifupi na ina miiba. Huu ni ukanda wa mifugo na mtama. Mbele yake tena, kuelekea Taita Taveta na Tana River, ni nchi ya malisho tu.

Je, wewe uko ukanda gani? Usitazame ramani. Tazama miti iliyokomaa. Minazi ikizaa sana bila kumwagiwa maji, uko ukanda wa kwanza. Kama mnazi wa babu umesimama peke yake na vidaka vyake hupukutika kila mwaka, huo mnazi unakuambia jambo.

MTO SABAKI

Mto wetu mkubwa ni Sabaki. Maji yake hayaanzi kwetu. Huanza mbali, kwenye nyanda za juu karibu na Nairobi, ambako mto huitwa Athi. Ukikutana na mto Tsavo huitwa Galana. Ukikaribia bahari huitwa Sabaki, na huingia baharini kaskazini ya mji wa Malindi. Baricho, kando ya mto huo, ndiko yanakopampiwa maji ya kunywa ya Malindi, Kilifi hata Mombasa.

Mvua ikinyesha sana bara, bahari ya Malindi hugeuka rangi ya kahawia. Ule ni udongo wa mashamba ya watu. Mkulima asiyechimba makinga-maji kwenye mteremko amemwaga rutuba yake mtoni, na mto umeipeleka kwa samaki, ambao hawaitaki.

WAZEE WALIFUATA NINI?

Wenyeji walio wengi wa Kilifi ni Wamijikenda. Makabila ya Mijikenda ni tisa: Wagiriama, Wachonyi, Wakauma, Wakambe, Wajibana, Waribe, Warabai, Waduruma na Wadigo. Wadigo na Waduruma wengi wako Kwale. Wako pia Waswahili, Wabajuni na Waarabu katika miji ya pwani, na Wasanye, ambao wenyewe hujiita Waata, waliokuwa wawindaji hodari wa bara. Wakamba, Wataita, Waluo na wengine wamekuja kwa kazi na biashara.

Wazee husimulia kwamba Wamijikenda walitoka Singwaya, upande wa kaskazini. Walipofika huku walijenga makaya juu ya vilima, ndani ya misitu. Waliishi mle kwa usalama. Lakini mimi nikiyatazama makaya kwa macho ya Bwana Shamba, naona jambo lingine. Yako mengi kwenye vilima vile vile ambako mvua hunyesha. Wazee hawakuwa na kipimo cha milimita, lakini walijua. Mwaka 2008 shirika la UNESCO liliyaweka makaya ya Mijikenda katika orodha ya urithi wa dunia.

Wazee hao walilima mtama, wimbi na uwele. Hawakuwa na mahindi. Mahindi, mihogo na mikorosho ni mimea ya Marekani, ambayo asili yake ni ng'ambo ya bahari nyingine kabisa. Ilifika pwani yetu baada ya Wareno kuja. Kwa hiyo mtu akisema sima ya mahindi ni chakula cha asili cha kwetu, mwambie akahesabu upya.

Pwani nako palikuwa na miji ya zamani. Gede ilikuwa na nyumba za mawe, misikiti na visima tangu karne ya 12 hivi. Katika karne ya 17 ilikuwa imehamwa. Baadhi ya wataalamu hufikiri maji ya visima yalishuka chini. Magofu yake yaliingia katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 2024. Malindi nayo ilimpokea Mreno Vasco da Gama mwezi wa Aprili 1498, ikampa chakula na rubani wa kumpeleka India. Nguzo ya ukumbusho ya Wareno iko mpaka leo. Mwaka 1593 Wareno walipoanza kujenga Fort Jesus, makao yao yalihamia Mombasa, na Malindi ikadhoofika.

Malindi iliinuka tena katika karne ya 19, chini ya Sultani wa Zanzibar. Iliinuka kwa kilimo. Mtama na ufuta ulijaa majahazi ukaenda Arabuni. Lakini tusifiche: walioulima mtama huo walikuwa watumwa. Wengine walitoroka wakajificha msituni, na wengine wakakimbilia Rabai, ambako wamisionari Krapf na Rebmann walifungua kituo mwaka 1846. Utumwa ulikomeshwa kwa sheria mwaka 1907. Watu wakawa huru, lakini uhuru huo haukuja na shamba.

MEKATILILI NA ARDHI YA SABAKI

Katika karne ya 19 Wagiriama walikuwa wameongezeka. Walitoka kayani wakaenda kaskazini, wakitafuta udongo mpya. Mwishowe walivuka Sabaki. Huko walipata ardhi nzuri. Waliuza nafaka Takaungu, Malindi na Mambrui.

Serikali ya kikoloni ilipokuja ilitaka mambo mawili: kodi, na vijana wa kufanya kazi kwenye mashamba ya wageni. Lakini mtu mwenye ghala lililojaa ana haja gani ya kibarua? Wagiriama walikataa. Mwaka 1913 Mekatilili wa Menza alizunguka vijijini akicheza ngoma ya kifudu na kuwaambia watu wasitoe watoto wao. Watu walikula kiapo kayani. Yeye na mzee Wanje wa Mwadorikola walikamatwa mwaka huo huo, wakapelekwa Kisii, mwisho mwingine wa nchi. Mwaka 1914 walitoroka wakarudi nyumbani kwa miguu. Mwezi wa Agosti 1914 serikali ililipua kaya kwa baruti, na vita vikaanza. Watu wengi waliuawa na nyumba zikachomwa.

Baada ya vita, Wagiriama waliamrishwa kuhama ng'ambo ya kaskazini ya Sabaki. Angalia hapo, msomaji. Adhabu iliyochaguliwa haikuwa faini peke yake. Walinyang'anywa udongo uliowafanya waweze kusema hapana.

Upande wa pwani palikuwa na jambo lingine. Mwaka 1895 Waingereza walifanya mkataba na Sultani wa Zanzibar juu ya ukanda wa maili kumi kutoka baharini. Mwaka 1908 ilitoka sheria ya hati za ardhi katika ukanda huo. Aliyeweza kuonyesha haki yake mbele ya ofisi alipewa hati. Ardhi isiyodaiwa ikawa ya serikali. Wakulima wengi wa Mijikenda hawakuwa na karatasi, wala hawakujua kwamba karatasi ingetakiwa. Hivyo walijikuta ni maskwota, yaani watu wanaokaa na kulima mahali ambapo si pao kwa sheria. Ukanda huo uliingia Kenya wakati wa uhuru mwaka 1963, lakini hati za zamani zilibaki. Kesi nyingi za ardhi unazozisikia leo zina mizizi hapo.

Serikali ilijaribu kuwapa watu ardhi kwa mipango ya makazi. Mmoja ulikuwa wa Magarini, miaka ya 1970 na 1980, kwa msaada wa Australia. Tingatinga zilisafisha vichaka, mashamba yakapimwa kwa mistari iliyonyooka. Lakini mvua haikufuata mistari. Udongo uliovuliwa miti ulisombwa, na maji ya chini mahali pengi yalikuwa ya chumvi. Waaustralia waliondoka kabla ya miaka ya 1980 kwisha. Naheshimu nia yao. Walioishi katika vichaka vile miaka yote walijua mahali ambapo mvua hukoma, na hao ndio waliostahili kuulizwa kwanza.

TUKO WANGAPI?

Hesabu ya watu ya mwaka 1979 ilipata watu 431,000 hivi katika wilaya nzima ya Kilifi. Mwaka 2009 tulikuwa 1,109,735. Mwaka 2019 tulikuwa 1,453,787. Kati yetu wanawake walikuwa 749,673 na wanaume 704,089. Kwa miaka 40 tumezidi mara tatu.

Ardhi haikuzaa. Mwaka 1979, kama nchi yote ingegawanywa sawasawa, pamoja na misitu, miamba na nyika, kila mtu angepata ekari saba hivi. Mwaka 2019 angepata ekari mbili na kidogo. Hesabu hiyo ni pamoja na ardhi isiyoota kitu, na pamoja na msitu wa Arabuko-Sokoke, ambao haufai kuguswa.

Tena hatujagawanyika sawasawa. Kaunti ndogo ya Malindi ilikuwa na watu 333,226. Kilifi Kusini, yenye Mtwapa, ilikuwa na 206,753. Rabai ilikuwa na watu 120,813, na Ganze 143,906. Hesabu hizo mbili za mwisho zakaribiana. Lakini Ganze ni nchi pana ya kutembea siku nyingi, na Rabai ni ndogo, waweza kuivuka kwa miguu kati ya asubuhi na jioni. Sababu waijua sasa. Ni ile rula.

Kwenye vilima, basi, shida ni udogo wa shamba. Baba alikuwa na minazi mia, wana watano wakagawana ishirini ishirini, na wajukuu je? Huko Nyika shida si ukubwa wa shamba. Shamba lipo, mvua haipo.

TUPANDE NINI?

Mama mmoja wa Bamba ameniandikia. Anasema amepanda mahindi misimu minne, na amevuna msimu mmoja tu. Anauliza kama mbegu ya dukani ni mbovu.

Mama, mbegu huenda ni nzuri. Mahindi yana siku chache za hatari, yale majuma yanapotoa mbelewele na nywele. Yakikosa maji wakati huo, hata kama yalikuwa ya kijani namna gani, magunzi hubaki matupu. Kwako mvua mara nyingi hukatika wakati huo huo. Mtama nao ukikosa maji hujikunja, hungoja, na mvua ikirudi huendelea. Pojo na kunde huwahi kukomaa kabla mvua haijakatika. Muhogo hukaa ardhini ukingoja msimu wa pili.

Najua jibu la watu. "Watoto hawataki sima ya mtama. Ndege huula. Mtama ni chakula cha maskini." Habari ya ndege ni kweli, na ni kazi kubwa kuwafukuza. Majirani wakipanda mtama siku moja, ndege hugawanyika na hasara hupungua. Habari ya maskini siikubali. Kati ya mwisho wa 2020 na mwisho wa 2022 mvua zilikosekana misimu mitano mfululizo. Ng'ombe walikufa Ganze na Magarini. Sisemi mtama ungejaza ghala katika ukame ule. Hata mtama wataka maji. Lakini katika mwaka wa mvua nusu, mwenye mtama hula nusu, na mwenye mahindi hali kitu.

Kwa hiyo shamba la Bamba lisiwe la mahindi yote. Ligawe. Sehemu kubwa iwe mtama, kunde na pojo. Sehemu iwe mihogo. Kama roho yataka mahindi, panda kidogo, ya muda mfupi, mahali pa bonde ambapo maji hutuama. Mbuzi wawe wengi kuliko ng'ombe, kwa sababu mbuzi hula majani ya vichaka hata nyasi zikiisha.

Ndugu zangu wa vilimani, kwenu mvua ipo, lakini ekari ni chache. Msiung'oe mnazi mzee bila kupanda mchanga kando yake. Chini ya minazi panda mihogo na kunde, pasiwe na nafasi ya bure. Kabla ya kugawanya shamba kwa wana, hakikisheni hati ina jina la aliye hai. Hati yenye jina la marehemu huleta kesi, na kesi hula minazi kuliko mbawakawa. Utaratibu wa mirathi huanzia kwa chifu, ambaye hutoa barua ya kutambulisha warithi.

Wa pwani wenye mikorosho mnakumbuka kiwanda cha Kilifi, kilichofungwa katika miaka ya 1990. Wengi walikata miti yao wakachoma makaa. Waliobakiza miti bado huuza korosho kwa wanunuzi wa sasa. Pogoeni matawi makavu mapema, kabla ya maua kutoka.

Mihogo inafaa mikanda yote mitatu ya mashamba, basi nimalize nayo. Chagua shina kutoka mmea usio na ugonjwa. Majani yaliyojikunja yenye mabaka ya njano ni batobato. Kiazi chenye michirizi ya kahawia ndani pia ni ugonjwa, nao huenezwa na vipando. Usichukue kipando hapo, hata kama mwenye shamba ni shemeji yako. Kituo cha utafiti cha KALRO Mtwapa kimetoa aina zinazostahimili, kama Tajirika, Karibuni na Shibe. Kata vipando vya urefu wa kiganja kimoja na nusu, kila kimoja kiwe na macho matano au zaidi. Vipando visikae juani. Viweke kivulini siku chache tu, kisha upande mvua ya mwaka ikianza. Afisa wa kilimo wa wadi yako atakuambia mahali pa kupata vipando safi, na asipokuwapo ofisini umngoje siku ya soko.

Mwezi ujao tutaonyesha kwa picha namna ya kupima mteremko wa shamba kwa fimbo tatu na kamba, ili kuchimba kinga-maji lililo sawa.